Nyumba ya Miaka Kumi na Mitano

Clotilde Ntumba hakuwa mtu wa kuketi. Hata kanisani alipenda mwisho wa benchi, karibu na mlango, na mahubiri yakirefuka ungemwona akihamisha funguo zake kutoka kiganja kimoja hadi kingine, kama mtu anayesubiri kuitwa. Kazi yake ilimfaa. Alikuwa deklaran, yaani mtu anayewatayarishia wafanyabiashara hesabu za ushuru wa mizigo inayotoka Zambia, na pale mpakani Kasumbalesa anayeketi hupitwa. Kuanzia Jumatatu alikuwa huko, akizunguka kati ya malori na madirisha ya maofisa, mafaili kwapani. Ijumaa alasiri alipanda gari la kurudi Lubumbashi, kwa mumewe na mama yake.

Lakini tangu mvua zilipokatika, safari zake za Ijumaa hazikumfikisha nyumbani moja kwa moja. Alimwomba dereva amshushe Annexe, pale ambapo mashamba ya mboga yanaanza kugeuka viwanja, akatembea hadi kwenye nyumba moja mpya ya mabati ya buluu, akasimama nje ya ukuta wake. Hakuwa na ufunguo. Alikuja kuitazama tu. Ilikuwa na sebule na vyumba vitatu, vigae sakafuni, na nyuma ya uwanja kijumba kidogo chenye mlango wake na choo chake. Vyumba vitatu mtu huweza kuvipata popote. Kijumba kile ndicho kilichomnyima raha.

Kule walikopanga kulikuwa na mlango mmoja na choo kimoja, na ndani yake waliishi mkwe na mkwe. Kwa Wakasai, watu wa kwao Clotilde, mwanamume na mama wa mke wake huheshimiana kwa kukaa mbalimbali. Hawali meza moja, hawapeani mkono, hawatazamani usoni. Ni heshima nzuri sana kwa mwenye uwanja mpana. Katika nyumba ya kubanana ikawa kazi ya kutwa. Franck, mumewe Clotilde, mwalimu wa jiografia, alikohoa kila alipotaka kutoka chumbani, na mkwewe, Mama Mbuyi, akisikia kile kikohozi aligeukia ukuta, akabaki hivyo mpaka mkwe apite. Asubuhi kila mmoja alimpisha mwenzake kwenda chooni, na zilikuwepo siku walizopishana hivyo, wote wawili wakingoja kwa adabu, mpaka kengele ya shule ikalia bila mwalimu.

Clotilde akiwepo, yeye ndiye alikuwa daraja.

"Muulize mama kama chumvi iko," Franck alisema, na mama mwenyewe yuko nyuma ya pazia, hatua chache tu.

"Muambie bwana yako chumvi iko mbele ya macho yake," pazia lilijibu.

Ndani ya chumba cha Mama Mbuyi, chini ya dirisha, kulikuwa na sanduku la bati ambalo halikufunguliwa mbele ya watu. Clotilde alijua kilichomo: vitambaa, sufuria, picha ya baba, blanketi. Vitu vya kuondokea. Mama aliufunga mzigo huo Likasi, mwaka ule Wakasai walipofukuzwa Katanga, Clotilde akiwa msichana wa shule ya msingi. Walikuwa na nyumba yao pale, ya matofali, na baba aliiuza kwa haraka kwa bei ya mifuko michache ya unga, kwa kuwa mnunuzi alijua kwamba wanaondoka na hata asiponunua nyumba itabaki palepale. Kisha wakakaa kwenye kituo cha reli wakingoja behewa. Baba alifia hapo, kwa kuhara, kabla gari-moshi halijafika. Miaka mingi baadaye mama na binti walirudi Katanga, safari hii Lubumbashi, na tangu hapo wakapanga nyumba moja baada ya nyingine. Katika kila nyumba mpya Mama Mbuyi aliweka sanduku chini ya dirisha, akapangusa mikono, akauliza jambo lilelile:

"Hapa tunatoka lini?"

Sasa Clotilde alikuwa na miaka arobaini na mitatu, mama ana sabini na minne, na benki iliyompokelea mshahara wake ilikuwa imekubali kumkopesha. Nyumba ya mabati ya buluu iliuzwa dola elfu thelathini na nane. Elfu nane alikuwa nazo, jasho la miaka mingi ya mpakani. Elfu thelathini zingetoka benki, naye angezirudisha kidogokidogo kwa miaka kumi na mitano, mia nne na ishirini kila mwezi.

Franck alikuwa ameshaingia ndani ya nyumba hiyo kwa mawazo. Alijua meza yake ya kusahihishia itakaa wapi. Alikuwa ameshawaambia walimu wenzake.

"Kila mwezi tunamulipa bailleur mia tatu na makumi tano," alisema, akimtaja mwenye nyumba kwa neno ambalo kila mpangaji wa mji huo hulitaja huku akikunja uso. "Anakula, anasahau mpaka majina yetu. Benki inaomba mia ine na makumi mbili. Ni sabini tu juu, na nyumba inakuwa yetu. Sasa weye unaogopa nini?"

"Siogope."

"Unazunguka meza tangu asubuhi."

Kweli alikuwa anazunguka. Hakujua kwa nini. Hesabu ya Franck ilikuwa nyofu, na ndiyo hesabu aliyoifanya hata yeye: kodi upande mmoja, benki upande wa pili, tofauti sabini. Na kulikuwa na jambo jingine lililomtuliza, ambalo hakulisema kwa sababu aliliona wazi mno. Zile elfu nane. Mpangaji wa Lubumbashi akiingia nyumba humwachia mwenye nyumba fedha za garanti, na siku akitoka hurudishiwa. Clotilde alikuwa ameweka na kurudishiwa garanti maisha yake yote. Moyoni alizihesabu zile elfu nane hivyohivyo. Likija la kuja, wakalazimika kuondoka tena, angalau garanti ingekuwepo. Safari hii hawangefika kituoni mikono mitupu.

Siku ya kutia saini ilipangwa kuwa Jumamosi. Jumatano yake akawa Kasumbalesa, kwenye foleni ya malori isiyoonekana mwisho, akihangaikia lori moja la vigae. Mwenye vigae, mfanyabiashara aitwaye Lucien, alikuwa Lubumbashi, na karatasi yake moja ilikuwa na kosa. Lori likakwama. Dereva wake, Musonda, mtu wa Kitwe, alikuwa ametandika mkeka chini ya tela na kulala, kwani kwake kusimama kulikuwa pumziko. Kwa Lucien haikuwa hivyo: lori likisimama, mwenye lori hulipwa kwa kila siku ya kusimama, kwa kila tani iliyo juu.

Lucien alipiga simu akiwa na hasira.

"Mama Clotilde, nililipa juzi. Nililipa jana. Leo banaomba tena. Vigae vyangu viko vilevile. Miye ninalipia nini?"

"Tata Lucien, haulipie vigae. Unalipia kusimama."

"Lakini nililipa mingi sana."

"Hata ulipe mingi. Muzigo iko juu ya lori yote. Kila siku inasimama yote, unalipia yote. Ungeshusha nusu, kesho ungelipia nusu."

"Sasa feza yangu ya juzi na jana ilishusha nini?"

"Haikushusha kitu," Clotilde alisema. "Ilisimamisha tu."

Akabaki na simu sikioni. Lucien aliendelea kulalamika, sauti yake ikawa kama ya redio ya jirani. Clotilde alikuwa anatazama lile lori, lakini aliona elfu thelathini zake, zote, zimepakiwa juu, zimesimama. Miaka kumi na mitano ya kusimama. Benki ilimwambia atalipa kiasi gani kwa mwezi. Na yeye, mtu ambaye kila siku hupasua jumla ya ushuru akawaonyesha watu hiki ni cha forodha, hiki cha barabara, hiki cha ofisi fulani, aliipokea mia nne na ishirini kama jiwe zima, bila kuuliza ndani kuna nini. Aliilinganisha na kodi, na kodi haina ndani. Ukilipa kodi umelipa, mwezi umekwisha.

Kila mwezi ninashusha kiasi gani?

"Mama Clotilde? Uko?"

"Niko, Tata. Nitakupigia nyuma."

Alizidisha kwenye simu yake akiwa amesimama juani. Mia nne na ishirini, kwa miezi kumi na miwili, kwa miaka kumi na mitano. Elfu sabini na tano na mia sita. Akaongeza elfu nane zake. Akarudia, akidhani amebonyeza vibaya. Kwa nyumba ya elfu thelathini na nane angelipa zaidi ya elfu themanini na tatu, kabla ya bima na gharama za kuandikisha. Musonda aliamka, akamwona anakwenda na kurudi kando ya tela.

"Mama, lori ndiyo imesimama," alimwambia. "Weye unaweza kukaa."

Jumamosi alifika benki mlango ukifunguliwa. Alikuja peke yake, na Franck akamwachia akidhani anakwenda kutia saini. Mfanyakazi wa mikopo aliitwa Mardochée, kijana wa parokia yao, tai imekazwa vizuri, akamvutia kiti. Clotilde aliushika mgongo wa kile kiti tu.

"Maman, karibu. Kalamu iko tayari."

"Mbele ya kalamu niulize. Mwezi ya kwanza nikilipa mia ine na makumi mbili, deni inashuka ngapi?"

Mardochée aligonga kompyuta yake. "Makumi ine na tano."

"Na ingine yote?"

"Ni intérêt, faida ya benki. Asilimia kumi na tano kwa mwaka. Ni kawaida, Maman. Mwanzo faida iko mingi, kiisha deni ikipunguka nayo inapunguka."

"Sababu munahesabia ile yote yenye ingali imesimama."

"Njo vile."

"Na nyuma ya miaka tano?"

Akagonga tena. Safari hii alikohoa kidogo, kama Franck. "Utakuwa umelipa elfu makumi mbili na tano na mia mbili. Deni itabakia karibu elfu makumi mbili na sita."

Clotilde alihamisha funguo mkono huu, mkono ule. Miaka mitano ya kuamka na malori, na lori lake mwenyewe lingekuwa limeshusha kona tu ya mzigo.

"Tuseme kitu kinatokea," alisema. "Mpaka inafungwa. Ao kazi inaisha. Ao tunatoka tu." Sababu nyingine hakuitaja. "Ile elfu munane ya garanti munaturudishia nyuma ya siku ngapi?"

Mardochée alicheka, kisha akaona kwamba hatanii, akaacha.

"Maman, ile haiko garanti ya bailleur. Ile ni sehemu yako ya kununua. Inaingia ndani ya nyumba, haitoke. Kama munashindwa kulipa, nyumba inauzwa. Benki inakamata deni yake kwanza. Kama kitu kinabakia, ni yenu."

"Na kama inauzwa mbio? Kwa bei ya chini?"

"Basi kinabakia kidogo. Ao hakibakie."

Hakuna aliyemdanganya. Yote yalikuwa katika karatasi alizopewa, na yeye alizisoma, lakini alizisoma kama mpangaji. Aliiona nyumba ya Likasi, mlango wake wa kijani, na yule mnunuzi aliyesimama uani bila haraka yoyote. Miguu ilimtaka aondoke pale hapohapo. Akakibana kiti.

"Nigeuzie hesabu," alisema. "Ileile mia ine na makumi mbili. Lakini miaka tatu. Munaweza kunikopesha ngapi?"

Kijana alifanya hesabu, akageuza kioo ili naye aone. "Karibu elfu kumi na mbili. Utarudisha karibu elfu kumi na tano, basi."

Elfu tatu tu za kusimama.

"Na elfu munane yangu, inafika makumi mbili."

"Maman, kwa elfu makumi mbili utapata nini hapa Lubumbashi? Kuta tu."

"Kuta za nani?"

Mardochée alikuna shingo juu ya kola. "Zako," alisema.

Nyumbani Franck alikuwa amenunua soda. Clotilde alimweleza wakiwa uani, kwa sauti ya chini, lori na mzigo na elfu themanini na tatu. Franck alifungua soda yake mwenyewe, hakunywa.

"Nilishaambia bantu, walimu wote," alisema mwishowe.

"Bantu hawatalipa."

"Basi unataka tubakie hivi? Clotilde, miye na mama yako tunaishi kama mwizi na mwenye nyumba. Natoka, anageuka. Anatoka, miye nageuka. Ile kijumba ya nyuma ilikuwa heshima yake. Ilikuwa heshima yangu pia." Sauti yake ilipanda. "Miaka kumi na tano haiko mingi kwa kuishi kama bantu."

"Miaka kumi na tano mama atakuwa na ngapi?"

Franck aliiweka soda chini. Dirishani pazia lilitikisika.

"Clotilde," sauti ya Mama Mbuyi ilisema, "muambie bwana yako miye nitakuwa na nyumba yangu ingine, ya chini. Na ile haina mulango mbili."

Franck aligeukia ukuta kwa mazoea, kana kwamba mkwe ametoka. Kisha, akiwa bado ametazama ukuta, mabega yake yakaanza kutikisika, na Clotilde akajua anacheka ingawa hakutaka.

Wakatafuta. Ijumaa zilizofuata Clotilde hakushuka tena Annexe. Alipita mitaani na Franck mpaka giza likaingia, akimtangulia kila mara, akichungulia nyua za watu kama mtu aliyepoteza kuku. Walioneshwa vibanda visivyo na hati na hati zisizo na vibanda. Upande wa Naviundu, karibu na mto, mjane mmoja aitwaye Hortense alikuwa anauza kwa elfu ishirini nyumba ambayo mumewe hakuimaliza: vyumba viwili vimeezekwa bila dari, madirisha yamezibwa kwa mbao, sakafu ya udongo. Lakini cheti chake cha usajili kilikuwa safi, na benki ilikiulizia hicho kabla ya kuuliza kama kuna paa.

"Haina kijumba ya nyuma," Franck alisema.

Haikuwa nayo. Nyuma kulikuwa na kichuguu, kirefu kuliko mtu, kimoja cha vile vichuguu vyekundu ambavyo watu wa Katanga huvichimba wakapata udongo wa matofali. Marehemu alikichimba upande mmoja, akajenga kwa udongo wake nyumba hiyohiyo, na kilichobaki kilisimama pale kimeliwa ubavu.

Mama Mbuyi aliletwa kuona. Hakuangalia vyumba. Alikizunguka kichuguu polepole, akabonyeza udongo kwa kidole, akaumega, akaufinyanga kiganjani kama anayepima unga wa bukari, ugali wao.

"Huyu tata alikufa mapema," alisema. "Hapa ndani kungali matofali ya chumba moja. Na ya choo."

"Na mulango?" Clotilde aliuliza.

"Mulango unakata penye unataka. Ni udongo wako."

Franck, aliyekuwa upande wa pili wa kichuguu ili asionekane na mkwe wake, alikuwa ameyasikia yote. Halafu wakamsikia anakizunguka kwa hatua ndefu za mwalimu anayepima uwanja wa mpira. Kile kichuguu kilikuwa kimewatenga vizuri kuliko pazia lolote.

"Muambie mama," alisema kutoka kule, "likizo ikianza nitachimba miye mwenyewe."

"Muambie bwana yako mikono ya chaki itatoka malengelenge."

"Muambie mama itapona."

Clotilde alitia saini akiwa amesimama. Miaka mitatu, si kumi na mitano, na hata hiyo alimwomba Mardochée amweleze mara mbili itakuwaje akipata fedha za ziada na kutaka kushusha mzigo mapema. Walihamia kabla ya mvua, wakiwa na mbao madirishani. Marafiki wa Franck walikuja kuona ile nyumba ya vigae waliyosimuliwa, wakakuta vumbi jekundu mpaka kwenye sukari, na mwenyeji anachuruzika jasho juu ya kichuguu. Walimtania sana. Mmoja akamwambia amehama kutoka kwa bailleur akaenda kupanga kwa mchwa.

Jioni ya kwanza Mama Mbuyi aliburuta sanduku lake mpaka chini ya dirisha. Akapangusa mikono. Clotilde alisimama mlangoni, funguo zikitembea viganjani, akingojea lile swali, maana hata sasa hakuwa na hakika. Mpaka ungeweza kufungwa. Watu wangeweza kugeuka tena, kama walivyowahi kugeuka. Mia nne na kitu zingedaiwa kila mwezi, iwe mvua iwe jua.

"Hapa tunamaliza lini?" mama aliuliza.

Clotilde alidhani hakusikia vizuri. "Kumaliza nini, mama?"

"Kulipa."

"Kiangazi ya tatu kutoka sasa."

Mama Mbuyi alikunja vidole, kimoja, cha pili, cha tatu. Akatazama vile vidole vitatu.

"Ile naweza kuifika," alisema.

Nje Franck alikohoa. Mama hakugeukia ukuta, kwani dirisha la mbao lilitosha. Aliinama, akafungua sanduku, akatoa sufuria, akamnyooshea binti yake.

"Mupelekee maji. Na umuambie akohoe kidogo tu, matofali yangu hayajakauka."

Clotilde aliipokea ile sufuria. Ilikuwa nyeusi kwa moshi wa Likasi. Alitafuta pa kuweka funguo ili aishike kwa mikono miwili, hakuona meza wala msumari, akaziweka ndani ya sanduku, juu ya blanketi, akatoka nje.